Kusafisha Ukuta wa Matofali kwa Asidi Bila Kuuharibu: Mwongozo Kamili

Malalamiko ni yale yale. Ukuta wa matofali ya kuchoma umejengwa vizuri, ukabaki na mabaka ya saruji. Mwenyewe akapaka asidi. Siku chache baadaye ukuta umeingia njano, maungio, yaani saruji iliyo kati ya matofali, yanapukutika mchanga ukiyagusa kwa kidole, na ule weupe aliokuwa akiukimbia umerudi na kuongezeka. Swali linalofuata huwa: niongeze asidi?

Usiongeze. Karibu kila ukuta wa namna hiyo ulipata asidi ya kutosha na zaidi. Kilichokosekana ni maji: kabla ya asidi, wakati wa asidi na baada ya asidi. Ukisoma hatua zote kumi hapa chini na kukumbuka moja tu, kumbuka ile ya 7.

Mwongozo huu unahusu asidi ya haidrokloriki kwenye matofali ya udongo yaliyochomwa na kujengwa kwa saruji. Kwa kuta za aina nyingine, soma hatua ya 2 kabla hujanunua chochote.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

Asidi ya haidrokloriki. Ya dukani huwa na nguvu ya asilimia 30 hadi 33, soma lebo. Chagua isiyo na rangi. Asidi yenye umanjano mara nyingi imebeba chuma, na chuma hicho utakikuta ukutani kikiwa doa la kutu.

Maji ya bomba na mpira wake, au mapipa yaliyojaa na mtu wa kumwagia. Kama maji ni ya mgao na hujui yatakatika saa ngapi, ahirisha kazi.

Ndoo mbili za plastiki. Ndoo ya bati asidi itaila, na ikiila hutoa gesi ya haidrojeni, ambayo huwaka.

Brashi ya nyuzi ngumu za plastiki au katani, yenye mpini mrefu. Brashi ya waya na pamba ya chuma zisikaribie ukuta: huacha chembe za chuma kwenye vitundu vya tofali, nazo hupata kutu.

Vipande vya mbao ngumu na tindo kwa ajili ya kukwangua.

Magadi ya mapishi, yaani sodiamu baikaboneti, kilo kadhaa. Haya ni ya kuua nguvu ya asidi iliyobaki au iliyomwagika.

Karatasi ya litimasi ya bluu, ile ya maabara ya shule. Ikigusa asidi hugeuka nyekundu.

Karatasi za nailoni na utepe wa kubandika kwa ajili ya kufunikia.

Kinga ya mwili: miwani iliyoziba pembeni zote, ngao ya uso juu yake, glavu ndefu za mpira, aproni ya mpira na buti za mpira. Suruali ivaliwe nje ya buti. Ukiichomeka ndani, kila tone litateremka hadi kwenye soksi. Na ukifanya kazi juu ya usawa wa kichwa, kunja ukingo wa glavu uelekee nje ili ukinge matone yanayoshuka mkononi.

Barakoa ya kitambaa au ya vumbi haizuii mvuke wa asidi hata kidogo. Kinachozuia ni kinyago chenye kichujio kilichoandikwa kuwa ni cha gesi za asidi. Hata ukiwa nacho, usifanye kazi hii kwenye chumba kilichofungwa.

## Hatua ya 1: Jua doa ni la nini

Hapa ndipo wengi wanapojikwaa, kwa sababu asidi hii huondoa aina moja ya uchafu na kukoleza nyingine.

*Mabaka ya saruji*, ya kijivu, magumu, yaliyorukia usoni mwa tofali wakati wa ujenzi. Hii ndiyo kazi halali ya asidi. Huyeyusha chokaa iliyomo kwenye saruji, povu la gesi ya kaboni dayoksaidi likatoka, na mchanga ukakosa cha kuushikilia.

*Unga mweupe unaofutika kwa mkono.* Ni chumvi zilizopanda na maji kutoka ndani ya ukuta yakakauka usoni. Usiupake asidi, na usianze kwa kuumwagia maji, maana maji yatazirudisha chumvi ndani. Fagia kwa brashi kavu siku ya jua, kusanya unga huo uutupe mbali. Ukirudi kila mara, tafuta maji yanakoingilia: mfereji wa paa unaovuja, udongo uliorundikwa dhidi ya ukuta, msingi usio na kizuia unyevu. Asidi haizibi mfereji.

*Michirizi myeupe migumu*, kama ganda, inayoshuka kutoka kwenye ungio au ufa. Hiyo ni chokaa iliyoganda. Asidi huiondoa, lakini itarudi kama ufa haujazibwa.

*Doa la kijani au njano-kijani* kwenye matofali ya rangi ya maziwa au kahawia nyepesi. Acha! Huenda ni chumvi za vanadiamu zilizotoka kwenye udongo wenyewe wa tofali. Asidi ya haidrokloriki inaweza kuligeuza likawa la hudhurungi au jeusi, na kulitoa baada ya hapo ni shida kubwa. Doa hili hutibiwa kwa asidi ya oksaliki, gramu 20 hadi 40 kwa lita moja ya maji, kisha ukuta hupakwa magadi ya kufulia (sodiamu kaboneti, si yale ya mapishi), karibu gramu 15 kwa lita, ili kuiua nguvu. Oksaliki nayo ni sumu, kwa hiyo kinga ni zile zile.

*Doa la kahawia au zambarau iliyoiva* kandokando ya maungio, hasa kwenye matofali ya kijivu au meusi, linaweza kuwa la manganizi. Hili nalo huzidishwa na haidrokloriki.

*Ukungu wa kijani unaoteleza, moshi, rangi, mafuta.* Asidi haina kazi hapo. Na kama umeshapaka blichi kuua ukungu, suuza ukuta mpaka blichi iishe na uuache siku kadhaa kabla ya kufikiria asidi. Blichi ikikutana na asidi hutoa gesi ya klorini, na klorini imeua watu.

## Hatua ya 2: Kagua ukuta na majirani zake

Asidi isiguse mawe ya chokaa, marumaru, matofali ya saruji wala matofali ya mchanga na chokaa. Vyote hivyo vimeshikwa na kitu kile kile ambacho asidi hula. Utakuwa unausafisha ukuta kwa kuuyeyusha.

Nyumba za zamani zilizojengwa kwa chokaa badala ya saruji nazo ziache. Maungio yake yatakwisha mbele ya macho yako. Kama hujui maungio ni ya nini, chimbua kipande kidogo mahali pa siri: chokaa ya zamani kwa kawaida ni laini, hukunika kwa ukucha au ncha ya kisu bila taabu.

Ukuta mpya usiguswe kabla ya siku 7 tangu kujengwa, na ukiweza kusubiri wiki mbili hadi nne ni bora zaidi. Saruji changa hulika upesi. Lakini usisubiri mwaka: mabaka yanayokaa huzidi kuwa magumu.

Kisha tazama kando. Fremu za alumini, mabati, nondo zilizotokeza, vitasa, magari yaliyoegeshwa, tangi la samaki la jirani. Mvuke peke yake huleta kutu kwenye chuma kisichoguswa na tone hata moja.

## Hatua ya 3: Kwangua kikavu kwanza

Kila gramu ya saruji inayotoka kwa mbao ni gramu ambayo asidi haitahitaji kuila. Kwangua mabaka kwa kipande cha mbao ngumu, na yale manene yagonge taratibu kwa tindo ukiilaza, usije ukabandua ngozi ya tofali. Ngozi hiyo iliyoivishwa na moto ndiyo ngumu kuliko sehemu nyingine. Ikishatoka, tofali hunywa maji milele.

Umefanikiwa pale kinachobaki kinapokuwa kama rangi nyembamba ya kijivu tu. Fundi mvivu huruka hatua hii, kisha hukoroga asidi kali kufidia uvivu.

## Hatua ya 4: Funika na uwaondoe watu

Funika milango, madirisha, taa na vyuma vyote kwa nailoni, ukibandika kingo zake. Mimea iliyo chini ya ukuta ilowesheni maji kwanza, ndipo muifunike. Funga madirisha ya jengo zima upande huo. Watoto na wanyama wakae mbali hadi mwisho wa kazi, na awepo mtu mzima wa pili anayejua maji yako wapi.

Chagua siku isiyo na upepo, asubuhi au wakati ukuta uko kivulini. Ukuta uliopigwa na jua hukausha asidi kabla hujashika mpira.

## Hatua ya 5: Changanya, maji kwanza

Weka maji kwenye ndoo. Kisha mimina asidi polepole ndani ya maji. Ukifanya kinyume, asidi huchemka ghafla pale maji yanapoigusa, na kurukia usoni.

Kwa matofali mekundu au yaliyokolea, sehemu 1 ya asidi kwa sehemu 10 za maji. Kwa matofali ya rangi nyepesi, sehemu 1 kwa 20. Asidi ya asilimia 33 ikichanganywa moja kwa kumi hubaki na nguvu ya takriban asilimia 3.4, na hiyo inatosha kabisa kwa filamu nyembamba ya saruji. Ukiona haifui dafu, rudi hatua ya 3. Usiongeze asidi.

Changanyia nje, usimame upande ambao upepo unatokea, na utumie mti au plastiki kukoroga. Korogeni kidogo kidogo. Mchanganyiko uliobaki ni mzigo wa kuushughulikia baadaye.

Onyo moja lisilo na mjadala: baadhi ya dawa za kusafishia matofali zina asidi ya haidrofloriki au amoniamu baifloraidi. Ukiona maneno hayo kwenye lebo, rudisha chupa dukani. Asidi hiyo hupenya ngozi bila kuumiza mwanzoni, maumivu huja saa kadhaa baadaye, na inaweza kuua kupitia jeraha linaloonekana dogo.

## Hatua ya 6: Jaribu pembeni

Chagua nusu mita ya mraba mahali pasipoonekana. Fanya hatua ya 7, 8 na 9 hapo, kisha uache pakauke. Kukauka ni kukauka kweli, siku kadhaa, ukiweza wiki nzima, kwa kuwa madoa ya chuma na vanadiamu hayajitokezi ukuta ukiwa bado na maji.

Tofali likibaki na rangi yake na ungio likawa bado gumu kwa ukucha, endelea. Likitokea doa lolote jipya, umepoteza nusu mita badala ya ukuta mzima.

## Hatua ya 7: Lowesha ukuta hadi ushibe

Tofali kavu hufyonza asidi kama ardhi ya kiangazi inavyofyonza mvua ya kwanza. Asidi ikishaingia ndani, haiondoki kwa kusuuza juu. Itakaa huko ikila saruji nyuma ya ungio, ikiyeyusha chuma kilichomo kwenye udongo na kukileta usoni kikiwa njano. Tena inapokutana na chokaa huzaa chumvi iitwayo kalsiamu kloridi, ambayo huvuta unyevu wa hewani na kuozesha nondo na vyuma vya kufungia ukuta.

Tofali lililoshiba maji halina nafasi ya kupokea kingine. Asidi hubaki usoni, pale pale penye mabaka.

Kwa hiyo mwaga maji kuanzia juu, ushuke hadi chini kabisa, ikiwemo sehemu ambayo hutaipaka leo. Rudia. Mara ya kwanza utasikia ukuta ukifyonza kwa sauti ndogo na uso ukikauka dakika hiyo hiyo. Hiyo ni dalili kwamba bado una kiu. Endelea hadi maji yakae usoni kama utando unaong'aa na yasinywewe papo hapo. Matofali laini yanaweza kudai maji kwa muda mrefu. Yape.

Ukuta ukishashiba, anza mara moja. Ukienda kunywa chai, ukirudi lowesha upya.

## Hatua ya 8: Paka, sugua, usikawie

Shughulikia kipande cha mita 1 hadi 2 za mraba kwa wakati mmoja, ukianzia juu. Yule msaidizi aendelee kumwagia maji ukuta ulio chini yako muda wote, kwa sababu matone yatashuka, na yakishukia pakavu yataacha michirizi isiyofutika.

Paka kwa brashi kwenye uso wa tofali na ukwepe maungio kadiri uwezavyo. Povu dogo litatoka kwenye saruji. Ni ishara kwamba inafanya kazi. Povu likitoka kwa nguvu kwenye ungio lenyewe, suuza hapo hapo, maana ungio ndilo linaloliwa.

Acha dakika 3 hadi 5, sugua, na usiruhusu ikauke kamwe. Baka lililokaidi liguse tena mara moja. Likikaidi tena, lisuuze, likwangue kwa mbao.

Bomba la kupulizia silipendi kwa kazi hii. Hugeuza asidi kuwa ukungu unaoelea, na ukungu huo unaingia mapafuni mwako na kwenye gari la jirani kwa usawa kabisa.

## Hatua ya 9: Suuza kupita unavyodhani inatosha

Suuza kipande kile kabla ya kuhamia kingine, maji yakitiririka kutoka juu kwa wingi. Ukimaliza ukuta mzima, urudie wote tena kutoka juu hadi chini.

Kisha gusa karatasi ya bluu ya litimasi kwenye maji yanayochuruzika chini ya ukuta. Ikigeuka nyekundu, bado. Ibaki bluu sehemu tatu au nne tofauti, ndipo ufunge bomba.

Mashine ya maji ya kasi husaidia hapa ikiwa imepunguzwa nguvu, ina mdomo unaotawanya maji kwa upana, na imesimama angalau nusu mita kutoka ukutani. Ukiisogeza karibu itachimba maungio ambayo asidi imekwisha kuyalainisha kidogo.

Wapo wanaopaka maji ya magadi mwishoni. Si vibaya, ila magadi yenyewe ni chumvi na yasiposuuzwa huacha unga mweupe. Hayachukui nafasi ya maji.

## Hatua ya 10: Maji machafu na asidi iliyobaki

Usimwage mabaki kwenye mtaro wa mvua, bustani, au shimo la choo lenye kuta za saruji. Mchanganyiko uliobaki ndooni tia magadi kijiko kwa kijiko hadi povu likome na litimasi ibaki bluu. Kwa makadirio, lita 1 ya asidi ya dukani hudai karibu gramu 900 za magadi ya mapishi. Ukiyamwaga yote kwa pamoja, ndoo itafurika.

Asidi ambayo hujachanganya ibaki kwenye chombo chake chenye lebo, kimefungwa, mahali penye hewa na mbali na zana za chuma. Isihamishiwe kwenye chupa ya soda wala ya maji ya kunywa, hata kwa saa moja.

## Ajali ikitokea

Ngozi: vua nguo zilizoloa na umwagie maji yanayotiririka kwa dakika 20. Usipake magadi kwenye jeraha.

Jicho: fungua kope kwa vidole, maji safi ya taratibu kwa dakika 20 bila kukatiza, kisha hospitali hata kama maumivu yamepungua.

Kuvuta mvuke: ondoka hapo uende kwenye hewa safi. Kikohozi kisichokoma au kifua kubana ni suala la daktari siku hiyo hiyo, kwa sababu mapafu yanaweza kujaa maji baada ya saa kadhaa.

Kumeza: suuza mdomo, usijitapishe, nenda hospitali na chupa yenye lebo.

## Ukuta umekauka na kuna tatizo

*Utando mweupe unaotoweka ukilowesha na kurudi ukikauka.* Haya ni mabaki ya saruji iliyoyeyuka ambayo hayakusuuzwa, yakaganda usoni. Asidi ya haidrokloriki haiyatoi tena, kwa hiyo kurudia kupaka ni kupoteza tofali. Sugua kwa brashi ngumu na maji. Kama hayaondoki, tafuta fundi wa kusafisha matofali.

*Njano au hudhurungi ya kutu.* Chuma kimepanda. Oksaliki kwa kipimo cha hatua ya 1, baada ya kujaribu pembeni.

*Unga mweupe baada ya wiki moja au mbili.* Mwingi ni chumvi zinazotoka na maji uliyomwaga. Fagia kikavu, subiri, fagia tena. Usipake dawa ya kuzuia maji ukutani kabla unga haujaacha kutoka, la sivyo chumvi zitaganda nyuma ya utando huo na kubandua uso wa tofali.

*Maungio yanayopukutika mchanga.* Hakuna dawa ya kuyarudishia saruji iliyokwisha kuliwa. Yachimbue kwa kina cha milimita 15 hadi 20, yapulize vumbi, lowesha, na uyajaze upya.